Karani, Mwambie Nzi Wake Wanaibiwa

Haya, chekeni kwanza mmalize, ndipo niseme. Najua mnachocheka. Mmesikia kwamba mzee huyu pensheni yake kaipata kwa kukamata nzi, na kila mkinipita hapa nawaona mnavyofinyana. Hata mimi nacheka, jamani. Marehemu baba yangu kule Didia alikuwa mtu mwenye ng'ombe na pamba, akanisomesha akijua nitakuwa karani. Jirani akimuuliza, "Mwanao Masele kapata kazi gani serikalini?" mzee anakohoa, anasema, "Yuko mambo ya mifugo." Nzi hakuwataja mpaka anaingia kaburini.

Nzi mwenyewe ni ndorobo, wengine mnamwita mbung'o. Huyo si wa kuchezea. Akimuuma ng'ombe, ng'ombe anakonda, manyoya yanasimama, macho yanatoa machozi, na siku si nyingi mnagawana nyama. Akimuuma mtu, mtu anapata malale, ule ugonjwa wa usingizi. Basi miaka ile ya sabini sisi kazi yetu ilikuwa kujua yuko pori lipi, ni wengi kiasi gani na wanasafiri mpaka wapi, ili wenye dawa na wenye mapanga wajue pa kuanzia. Mambo hayo huyajui kwa kukaa ofisini. Lazima umpelekee ndorobo chakula, na ukae karibu na chakula.

Chakula kilikuwa cha aina mbili. Kuna guo jeusi lililofungwa kwenye miti miwili, watu wawili wanalibeba wanatembea nalo porini, maana ndorobo anapenda kitu cheusi kinachotembea. Na kuna ng'ombe. Unamswaga polepole, unasimama, nzi wanamtua tumboni na miguuni, nawe unawapiga wavu. Siri yote iko mkononi. Mgeni anapiga kutoka juu, pwaa! Nzi huyo keshafika Kahama. Wewe ulete wavu kutoka nyuma, chini chini, halafu ukunje kifundo cha mkono mdomo wa wavu ujifunge wenyewe. Ukishampata mshike ubavuni kwa vidole viwili, usimminye, maana unamtaka hai.

Unamtaka hai kwa sababu ya rangi. Tulikuwa na vikopo vya rangi ya mafuta. Unachovya ncha ya jani la nyasi, unaweka tone moja mgongoni, bawa usiliguse, unamwachia aende zake. Siku zinazofuata mnawasaka tena. Mkimpata mwenye tone mnajua katokea wapi. Njia ya kilimani tuliipa nyeupe, njia ya mtoni tukaipa nyekundu. Ikumbukeni hiyo nyekundu, maana ndiyo iliyonipa bibi yenu.

Na mavazi! Nani kati yenu anajua ndorobo anapenda rangi gani? Bluu. Mimi sikujua. Siku yangu ya kwanza nilivaa shati jipya la bluu, nimelinyoosha kwa pasi ya mkaa, naenda kazini kama mtu wa serikali. Mwenzangu wa kazi, Saidi, mtoto wa mjini Shinyanga, wazee wake watu wa pwani, mdomo haufungi, alinitazama kutoka kola mpaka kiunoni akasema, "Mashallah, shati hilo litakuletea wageni." Wageni walikuja wote. Guo jeusi likabaki peke yake, ndorobo wakahamia mgongoni kwangu, na Saidi nyuma yangu ananipiga wavu pwaa, pwaa, anapiga kelele, "Tulia mwanangu, tulia, leo tunavunja rekodi!" Jioni nililala kifudifudi. Toka siku hiyo nikawa mtu wa kaki.

Sasa tuje kwenye mto. Tulihamishiwa upande wa Masumbwe, kambini sisi watatu: mimi, Saidi na msimamizi wetu Mzee Mihayo, Msumbwa, mwenyeji wa kulekule. Mzee Mihayo ndiye aliyenifundisha kukunja kifundo cha mkono. Alikuwa mtu wa maneno machache, na kucheka sikuwahi kumwona. Wa nne alikuwa ng'ombe wetu, maksai mwekundu mwenye pembe moja iliyoinama. Tulimwita Karani kwa sababu alikuwa na mgawo wake wa chumvi ya serikali na hakuwa na haraka.

Nikampenda binti wa Mzee Mihayo. Nifanyeje? Alikuja kambini kumletea baba yake viazi, akaniona nimebeba nzi wa kuhesabiwa kwenye chupa, akauliza, "Na hao wanapikwaje?" Halafu akacheka. Alikuwa na mwanya hapa mbele, na akicheka unaona mwanya kwanza, halafu ndiyo unamwona yeye. Jina lake Kabula. Mwezi haukuisha nikawaita wazee wangu kutoka Didia.

Wazee wakazungumza, mambo yakaenda vizuri, lakini Mzee Mihayo akaniita pembeni. Akasema, "Masele, uko kwenye majaribio. Bwana Mkubwa atakuja mwisho wa kiangazi aniulize kama unafaa kuajiriwa. Nitamwambia nilichokiona. Na nyumbani kwangu nitasema hichohicho. Binti yangu haolewi na mvivu." Nikasema, "Ndiyo, baba." Moyoni nikasema, hapo tu? Hapo nimeshaoa!

Wee! Kumbe sijui kinachonisubiri.

Mzee alinipa njia ya mtoni, mimi na Karani. Yeye na Saidi wakachukua guo na kilima. Mto wenyewe wakati wa kiangazi hauna maji juu, ni mchanga mweupe mtupu, mpana, miti imeegemea pande zote mbili. Pori linanuka ndorobo, nawasikia wanavyolia, nawaona wanavyomtua Karani. Nikiinua wavu, hawapo. Naweka rangi wachache niliobahatika kuwapata, nawaachia. Kesho yake hakuna hata mmoja mwenye tone jekundu. Kule kilimani weupe wanarudi kila siku, wamekuwa wenyeji. Wekundu wangu wamekwenda wapi?

Jioni tunakutana kambini. Saidi anatikisa chupa yake imejaa, mimi yangu unaweza kuwapa nzi majina. Mzee anatazama chupa, ananitazama mimi. Baada ya siku kadhaa akauliza, "Masele, hiyo rangi nyekundu unampaka nani?"

"Nzi, baba."

"Nzi gani?"

Saidi akaingilia, "Mzee, kijana anapaka ndoto zake rangi. Ukilala chini ya mti nzi hawaji, wanaogopa mkoromo." Halafu akanigeukia, "Mwanangu, umeshindwa na nzi, mke utamweza?" Alicheka mpaka mpishi wa kambi ya jirani akaja kuuliza kuna nini, naye akacheka. Mzee Mihayo peke yake hakucheka. Nikaogopa kutocheka kwake kuliko kucheka kwao, maana nilijua ameanza kuniandika moyoni kuwa mvivu, na ukishaandikwa pale hufutiki. Usingizi ukaniruka. Kabula wangu alikuwa anaondoka hivi hivi naona.

Hapa ndipo anapoingia mama mkwe, na lazima niwaeleze, maana ninyi siku hizi mnakumbatiana na mama wakwe zenu mchana kweupe. Kwetu Usukumani, na kwa Wasumbwa vilevile, mama mkwe hatazamwi usoni. Mkikutana njiani, wewe unaingia kichakani unageuka mgongo mpaka apite. Humsemeshi. Kukiwa na jambo la lazima mnamtumia mtoto, na mtoto asipokuwepo mnakiambia chungu, mnamwambia kuku, mwenzio anasikia humohumo. Hiyo ilikuwa heshima, na mvunjaji alitozwa faini.

Mama Kabula alikuwa anachota maji kwenye mto uleule. Kiangazi wanawake huchimba kisima kwenye mchanga, maji yanajitokeza taratibu, wanayakinga kwa kibuyu. Kazi yake ni kungoja. Anakaa pale asubuhi nzima, mikono magotini, anatazama mchanga. Siku ya kwanza nilipomwona nilishtuka, nikatazama kushoto mchanga, kulia mchanga, kichaka kiko mbali. Nikajificha nyuma ya Karani. Karani akitembea, na mimi natembea. Akisimama kunya, na mimi nasimama. Siku zote nikafanya hivyo, mpaka asubuhi moja nikasikia sauti.

"Karani!"

Nikakauka.

"Karani wewe, mwambie huyo aliyejibanza nyuma ya tumbo lako, nzi wake wanaibiwa."

Nikatazama miguu yangu. Nikamwamkia kwa Kisukuma, kama mtu anavyomwamkia mama. Nikasema, "Karani, mwambie mayu, mwangaluka. Halafu muulize, mwizi ni nani?"

"Mwambie aache kutazama miguu yake, atazame yako."

Nikatazama miguu ya Karani. Ndorobo ametua karibu na goti, anatafuta mahali pa kudunga. Mara mlio mzito ukapita sikioni kwangu. Nyigu, mkubwa, tumbo lina pete za njano, macho ya kijani. Akaning'inia hewani pembeni ya mguu, akatulia pale kama anasoma kitu. Halafu hata sikuona vizuri, vup! Nyigu hayupo na ndorobo hayupo. Karani hakutikisa hata mkia. Ndorobo akitua, anapiga mkia mpaka unaumia wewe mtazamaji, lakini nyigu anamwachia afanye kazi yake. Mwanaharamu alikuwa anajua siku zote!

"Karani, mwambie asisimame hapo kinywa wazi, ataingiwa. Amfuate."

Nikamfuata, mgongo kwa mama mkwe, natembea upandeupande kama kaa. Nyigu alitua kwenye mchanga mtupu, hakuna shimo, hakuna alama, mzigo ameukumbatia chini ya tumbo. Akaanza kuchimba kwa miguu ya mbele, mchanga unaruka nyuma kupitia katikati ya miguu yake, mlango ukafunguka, akaingia na ndorobo wangu. Akatoka. Akarudishia mchanga, akausawazisha huku na huku, akaenda zake. Palikuwa hapaonekani kitu. Ungeweza kutandika mkeka.

"Ni mwanamke huyo," sauti ikasema nyuma yangu. "Mwambie, Karani. Wako wengi hapa, kila mmoja ana shimo lake na mtoto wake mmoja ndani. Wanakaa jirani lakini hawaombani chumvi. Na hawaleti chakula siku moja wakasahau. Kila siku anarudi, mtoto akikua anamwongezea. Mume sijamwona analeta hata kimoja. Anarukaruka tu juu ya mchanga asubuhi, jua likiwaka."

Niliwahi kusikia wasomi wakizungumza juu ya nyigu wale baadaye, na walisema mengi mazuri, lakini ile ya kutoombana chumvi hawakuwa nayo.

Nikataka kulishika shimo lile lisinipotee, nimwonyeshe Mzee. Nikavua kofia, nikaiweka chini karibu na mlango. Nikasubiri. Nyigu akarudi na nzi mwingine, akashuka, akasita. Akapanda juu. Akazunguka. Akashuka mahali pengine, akachimba kidogo, akaacha. Akarudi juu tena, anazunguka, analia kwa hasira, mlango wake ule pale kiasi cha kiganja tu!

Nikasikia kicheko, tena vicheko viwili. Kabula alikuwa amekuja kumsaidia mama yake kubeba maji.

"Karani," Mama Kabula akasema huku kicheko kinamkatiza, "mwambie aondoe mlima mlangoni kwa watu!"

Nikaondoa kofia. Nyigu akazunguka mara nyingine, akashuka moja kwa moja, akafungua, akaingia. Mnaelewa? Mlango nyigu hauoni. Anajua jani lile liko wapi, kokoto ile iko wapi, mavi ya ng'ombe yale yako wapi, na mlango uko katikati yao. Ukileta kitu kipya, umemhamishia nyumba. Wekeni hilo kichwani, maana mimi nililielewa vizuri kabisa, na baada ya siku mbili nilikuwa nimelisahau kama sijawahi kuzaliwa.

Jioni nikamwambia Mzee Mihayo. Nilisimama kwa adabu, mikono nyuma.

"Baba, wanaokula nzi wangu ni nyigu."

"Nyigu."

"Ndiyo, baba."

"Nyigu wanaiba ndorobo juu ya ng'ombe."

"Ndiyo, baba. Wanawapeleka chini ya mchanga. Hata wale wa rangi nadhani wako humo."

Saidi alianguka kutoka kwenye kigoda. Nawaapia, alianguka, akabaki chini anapiga mchanga kwa mkono. "Wallahi, nimesikia watu wakisingizia mvua, wakisingizia tumbo, huyu kasingizia nyigu!" Bwana Mkubwa alikuwa anakaribia kuja. Kumtaja mama mkwe kuwa shahidi sikuweza, ningeanzaje kusema nimezungumza naye? Mzee akasema, "Keshokutwa asubuhi nitakuja mtoni nione. Nisipoona, usiniambie tena." Akaingia kulala.

Sasa, vijana, nisikilizeni. Baba mkwe anakuja. Anakuja mahali pangu pa kazi, atakaa chini, atazame. Mimi ni mtoto wa Didia, kwa mama yangu mgeni hakanyagi uwanja ambao haujafagiwa, na mkwe ndiyo usiseme. Alfajiri nikafika mtoni, nikavunja matawi, nikafunga ufagio, nikafagia. Nikafagia mchanga ule kutoka ukingo huu mpaka ukingo ule! Majani yote, kokoto zote, maganda ya miti, mavi ya Karani, nikayakusanya nikayatupa mbali. Nikachora ile mistari mizuri ya ufagio. Nikaweka kigoda katikati. Nikarudi nyuma nikatazama, nikajisifu. Nilikuwa naimba.

Mzee akaja na Saidi. Mama Kabula na Kabula walikuwa kisimani kwao, wamegeukia kule. Nikamkaribisha Mzee kigodani, nikamfunga Karani karibu. Jua likapanda, nyigu wakaanza kazi. Vup, vup, wanachukua nzi juu ya Karani, Mzee anaona kwa macho yake, nusu ya kesi nimeshinda. Nikasema, "Sasa baba, tazama wanavyoingia shimoni."

Hawakuingia.

Wa kwanza akashuka, akapanda. Wa pili akaja, akazunguka. Wa tatu, wa nne, na wengine na wengine, kila mmoja kakumbatia nzi wake, wanazunguka juu ya mchanga uliofagiwa vizuri kuliko ikulu, hawajui pa kutua. Kila nyigu wa mto ule alikuwa juu ya kichwa cha Mzee Mihayo. Mlio ukawa mkubwa mpaka Karani akaacha kutafuna.

"Lahaula!" Saidi akapiga yowe. "Mkwe katuitia jeshi!" Akatupa kofia, akakimbia, akaingia chini ya tumbo la Karani akalishika kwa mikono miwili.

Na kutoka kisimani ikaja sauti, haina tena haya wala utaratibu, "Karaniii! Muulize, nani kamtuma afagie?"

Ndipo nikakumbuka kofia. Jamani! Nikaona harusi yangu inazunguka hewani na wale nyigu. Nikafumba macho nikisubiri Mzee adungwe, anyanyuke, aniambie nifunge mzigo nirudi Didia.

Mzee hakunyanyuka. Alikuwa ameshika nzi maisha yake yote, aliwajua wadudu, alijua nyigu mwenye mzigo hana nafasi ya ugomvi. Alitulia kigodani kama jiwe. Nyigu mmoja akatua karibu na mguu wake, akachimba hapa, akaacha, akachimba pale, akaacha, akapanda gotini kwake, na hapo, sijui ni kuchoka sijui ni kukata tamaa, akauangusha mzigo. Tap. Juu ya suruali ya kaki ya Mzee.

Mzee Mihayo akatoa miwani mfukoni. Akaivaa. Akamshika yule ndorobo ubavuni kwa vidole viwili, bila kumminya. Akamgeuza.

Mgongoni kulikuwa na tone jekundu.

Mwingine akaanguka pembeni ya kigoda, hana rangi. Mwingine tena, ana rangi. Mzee akainama kumwokota. Halafu akapiga magoti. Halafu mzee yule mwenye heshima zake, msimamizi wa serikali, akawa anatambaa kwa mikono na magoti kwenye mchanga wangu, miwani puani, anamfuata nyigu mmoja aliyekuwa ananusanusa, na mabega yake yakaanza kutikisika. Nikadhani amedungwa. Kumbe anacheka! Mzee Mihayo anacheka! Nikaanza na mimi, Saidi akachungulia kutoka chini ya ng'ombe akaanza, na kule kisimani wale wawili walikuwa wamecheka mpaka kibuyu kimemwagika. Tukawa tunatambaa sote kwenye mchanga, tunaokota nzi na kuulizana, "Wako ana rangi? Wangu anayo!"

Mmoja akapata mlango wake hatimaye, kwenye kona ambayo ufagio wangu haukufika vizuri. Mzee akachimba kwa vidole, taratibu. Chini kabisa, kwenye mchanga wenye unyevu, tukamkuta mtoto wa nyigu, mweupe, mnene, hana miguu, amelala katikati ya mabawa ya ndorobo. Ametafuna amebakiza mabawa na migongo. Na kwenye migongo, nyekundu, nyekundu, nyekundu. Kazi yangu yote ya kiangazi ilikuwa mle.

Mzee akarudishia mchanga. Akanyanyuka, akajipangusa magoti, uso ukarudi kama kawaida. Nikasimama mikono nyuma. Yeye aliweza kunisemesha, baba mkwe hana mwiko mkali namna ile. Lakini hakunitazama. Alikwenda akasimama mbele ya maksai.

"Karani," akasema.

Kule kisimani wakaacha kucheka.

"Mwambie Masele, Bwana Mkubwa akija nitamwambia nilichokiona. Mtu aliyewalisha watoto wote hawa hawezi kuitwa mvivu." Akavua miwani, akaifuta. "Na mwambie Mama Kabula aloweke mtama."

Mnajua kuloweka mtama maana yake nini? Hapo ndipo pombe ya harusi inapoanzia. Kabula alipiga kigelegele mpaka nyigu walionyamaza wakaamka upya. Mimi nilitaka kumkumbatia mtu, nikamkumbatia Karani. Saidi alikuwa bado kamshika upande wa pili.

Halafu Mama Kabula akasema, "Karani, kabla hajaoa, mwambie arudishe uchafu wa watu." Basi bwana harusi mtarajiwa akashinda siku nzima anabeba majani na kokoto na mavi ya ng'ombe, anayarudisha moja moja, na sauti kule kisimani inamwelekeza, "Mwambie, hilo lilikuwa kushoto." Wengine walipata nyumba zao. Wengine walichimba mpya, na mama mkwe akasema ndiyo maisha. Njia ya ng'ombe tukaihamishia juu, mbali na mchanga, chupa yangu ikajaa. Wale nyigu tukawaachia mto wao.

Mbinu zilibadilika. Miaka ya themanini ikaja mitego ya vitambaa, bluu na nyeusi, unaitundika mtini unakwenda nyumbani kunywa uji, nzi wanaingia wenyewe. Mara ya kwanza nilipoiona ile bluu nilicheka peke yangu, mgongo ukaniwasha. Karani akastaafu kabla yangu. Wachimba dhahabu nao wakaja, na siku moja kijana mmoja wa machimbo ya Mwakitolyo alinikuta nimechuchumaa namtazama nyigu anavyotoa mchanga. Akaninong'oneza, "Mzee, huyo duara lake limefika kwenye mwamba?" Duara ni shimo lao la dhahabu, na mwamba ndimo dhahabu ilimo. Akachota ule mchanga kwenye karai akaenda kuuosha. Akarudi akasema hakuna kitu, lakini mchimbaji ni mzuri, hana bosi.

Na Mama Kabula je? Miaka yote ile hakuwahi kunisemesha moja kwa moja. Karani alipokufa akaniambia kupitia baiskeli, kupitia chungu, kupitia wajukuu zake wote mmoja baada ya mwingine. Mzee Mihayo alipofariki tukamleta Mama Kabula kwetu Didia, nikamjengea nyumba yake yenye mlango unaotazama kule, nisimuudhi. Tulizeeka hivyo, kila mtu na mgongo wake.

Asubuhi moja nilikuwa uwanjani na ufagio. Bibi yenu alikuwa anaumwa mguu, nikasema leo nafagia mimi. Nimefika karibu na zizi, upande wa kule mlangoni kwake, nafagia, naimba. Mama Kabula alikuwa amekaa mlangoni kwake juani, macho yalishapungua nguvu, nikadhani hanioni. Nikasikia:

"Masele."

Nikatazama huku na huku. Hakukuwa na mtoto, kuku wala baiskeli.

"Masele, usifagie hapo. Ana mtoto ndani."

Nikatazama chini. Nyigu mwenye pete za njano alikuwa anasawazisha mchanga mbele ya ufagio wangu. Ufagio ukaniponyoka. Nikamshukuru, "Wabeja, mayu," na mwili wenyewe ukageuka, sikuuamuru, nikamtazama usoni kwa mara ya kwanza katika maisha yangu. Alikuwa anacheka. Kumbe mwanya wa Kabula ulitoka pale.